Othniel Charles Marsh: Mpaji Majina wa Dinosau

Wahenga walituasa kwamba haraka haraka haina baraka. Maisha ya Othniel Charles Marsh, mtaalamu wa visukuku kutoka Marekani, yanaitatiza methali hiyo kidogo, kwani haraka yake ilizaa makosa na baraka kwa pamoja.

Marsh alizaliwa tarehe 29 Oktoba 1831 mjini Lockport, katika jimbo la New York. Mamake alifariki kabla mtoto hajatimiza miaka mitatu, na babake alikuwa mkulima asiye na mali nyingi. Aliyemwokoa ni mjomba wake, George Peabody, tajiri wa benki aliyeishi London. Fedha za mjomba zilimsomesha hadi Chuo cha Yale, alikohitimu mwaka 1860, kisha zikampeleka Ujerumani kuendelea na masomo. Mnamo 1866 Peabody alitoa dola 150,000 ili jumba la makumbusho lijengwe Yale, na mwaka uo huo mpwa wake akateuliwa profesa wa paleontolojia, yaani elimu ya viumbe wa kale. Msomaji ataamua mwenyewe iwapo hiyo ilikuwa sadfa.

Akiwa Ujerumani, Marsh alikutana na Mmarekani mwenzake, Edward Drinker Cope. Walipatana sana, hata kila mmoja akampa kiumbe wa kale jina la mwenzake. Urafiki huo haukudumu. Katika uainishaji, jina lililochapishwa kwanza pamoja na maelezo ya kiumbe ndilo linalodumu. Jina la pili kwa kiumbe yuleyule hufutwa. Kanuni hiyo, iliyokusudiwa kuleta utaratibu, iliwafanya mahasimu hawa wawili washindane kuchapisha. Wachimbaji wa Marsh waliokuwa Colorado na Wyoming walimtumia mifupa kwa gari la moshi, naye akatoa jina hata kabla mifupa yenyewe haijasafishwa yote. Ndivyo tulivyowapata Stegosaurus na Allosaurus mwaka 1877, na Diplodocus mwaka 1878. Aidha, mwaka 1887 alipokea pembe mbili zilizopatikana karibu na Denver, akazidhania za nyati mkubwa wa kale, akamwita mnyama huyo Bison alticornis. Baada ya miaka miwili tu, fuvu lililochimbuliwa Wyoming lilimsuta, na nyati akawa Triceratops.

Kosa lililovuma zaidi ni jingine. Mwaka 1877 Marsh alitoa jina Apatosaurus, maana yake mjusi mdanganyifu, kwa mifupa ya Colorado. Mnamo 1879 aliletewa mifupa mingine kutoka Wyoming, akaiita Brontosaurus, mjusi wa ngurumo. Yule wa kwanza alikuwa na pingili tatu zilizoungana kwenye nyonga, wa pili tano. Kwa Marsh, tofauti hiyo ilitosha. Hakuwazia kwamba pingili huzidi kuungana mnyama anapokua. Isitoshe, alipochapisha mchoro wa mifupa ya Brontosaurus mwaka 1883 hakuwa na fuvu lake, akamvisha kichwa cha dinosau wa aina nyingine.

Uhasama uliwagharimu wote wawili. Mwaka 1890 shutuma zao zilimwagwa magazetini, na mnamo 1892 Marsh akapoteza wadhifa wake katika idara ya serikali ya jiolojia. Cope alifariki mwaka 1897. Marsh alifuata tarehe 18 Machi 1899, bila mke wala mtoto, akiwa ametoa majina ya spishi zipatazo 80 za dinosau. Yasemekana benki alikuwa amebakiwa na dola 186.

Mwaka 1903, Elmer Riggs wa Chicago aliichunguza upya mifupa hiyo akaonyesha kwamba Apatosaurus wa Marsh alikuwa mnyama mchanga, asiyetofautiana na Brontosaurus kiasi cha kuwekwa katika jenasi nyingine. Jina lililotangulia likashinda. Riggs huyohuyo ndiye aliyetoa jina Brachiosaurus mwaka 1903, ambalo Werner Janensch alilitumia mwaka 1914 kwa dinosau mkubwa wa Tendaguru, karibu na Lindi. Tangu 2009 wataalamu wengi humwita huyo wa Tendaguru Giraffatitan. Yaani jambo hili halikumpata Marsh peke yake.

Umma, hata hivyo, haukuliacha jina la mjusi wa ngurumo, wala makumbusho hayakuharakisha kulibadilisha fuvu: Yale kwenyewe lilibadilishwa mwaka 1981. Kisha mwaka 2015 Emanuel Tschopp na wenzake wawili walilinganisha sampuli 81 kwa kuzingatia sifa 477 za mifupa, wakahitimisha kwamba tofauti zilizopo zinatosha kumrudishia Brontosaurus jenasi yake. Wapo wataalamu ambao hawajaridhika na hoja hizo, nao wangali wanamwita Apatosaurus.