John Coleman: Nguli wa Mechi Tisini na Nane

Wapo wachezaji waliosakata dimba kwa miaka ishirini na wakasahaulika mwaka wa ishirini na moja. John Douglas Coleman alishiriki mechi 98 tu katika Ligi ya Kandanda ya Victoria, nchini Australia, kati ya mwaka 1949 na 1954. Hata hivyo, tangu mwaka 1981 medali anayotunukiwa mfungaji bora wa ligi kuu ya mchezo huo imekuwa ikiitwa kwa jina lake.

Kandanda ya Kiaustralia si ile iliyozoeleka katika viwanja vya Afrika Mashariki, na pasipo kuifafanua kidogo sifa za Coleman zitabaki zikielea hewani. Timu mbili, kila moja ikiwa na wachezaji 18, hukabiliana katika uwanja mpana wenye umbo la yai. Mpira nao una umbo lilo hilo. Mchezaji huupiga teke, au huushika kwa mkono mmoja na kuugonga kwa ngumi ya mkono wa pili. Kuurusha ni kosa. Kila mwisho wa uwanja una milingoti minne. Teke likipitisha mpira kati ya miwili mirefu ya katikati, hilo ni bao la alama sita. Mpira ukipita kati ya mrefu na mfupi, timu huambulia alama moja. Mlinda lango hayupo. Zaidi ya yote, anayeudaka mpira uliopigwa teke na mwenzake kabla haujagusa chochote huruhusiwa kusimama na kupiga bila kubughudhiwa. Ni kanuni hii ya kudaka iliyomtukuza Coleman. Hakuwa jitu, kwani kimo chake kilikuwa futi sita na inchi moja hivi, lakini aliruka nyuma ya mlinzi wake hadi magoti yakatua mabegani pa yule aliyekuwa chini, akaunyakua mpira huko juu, kisha akatua na kulenga shabaha kwa utulivu wa mtu asiye na haraka.

Alizaliwa tarehe 23 Novemba 1928 katika mji mdogo wa bandari wa Port Fairy, magharibi mwa Victoria, na masomo yake ya sekondari akayapatia mjini Melbourne. Mabao aliyoyamwaga akiichezea klabu ya Hastings, nje ya jiji, yaliwafanya Essendon wamwite. Aprili 1949, akiwa na umri wa miaka ishirini, alivaa kwa mara ya kwanza jezi nambari 10 ya klabu hiyo, jezi ya mikono mirefu iliyokuja kuwa kitambulisho chake, akafunga mabao 12 dhidi ya Hawthorn. Hapana chipukizi aliyewahi kufanya hivyo. Msimu huo haukuisha kabla hajatimiza mabao 100. La mia lilipatikana dakika za mwisho za fainali, mbele ya umati wa zaidi ya watu 80,000, Essendon walipoilaza Carlton kwa tofauti ya alama 73. Mwaka uliofuata alifunga 120, na ubingwa ukabaki Essendon.

Waama, mwenye kutamba hukamiwa. Walinzi walimvuta jezi, walimpiga viwiko, walimsukuma hata mpira ulipokuwa mbali. Katika mechi ya mwisho kabla ya michuano ya kuwania ubingwa wa 1951, Harry Caspar wa Carlton alimpiga, naye Coleman akalipiza. Wote wawili wakashtakiwa mbele ya baraza la nidhamu la ligi. Kwamba Coleman alichokozwa hakukuwa na ubishi, lakini baraza halikuona kuwa uchokozi ni udhuru: kila mmoja alifungiwa mechi nne. Coleman alitoka pale akitiririkwa na machozi, akipenya katikati ya umati wa mashabiki.

Hukumu hiyo ingali na utata. Anayeshikilia herufi ya sheria atasema ngumi ni ngumi. Lakini adhabu iliyo sawa kwa maandishi haikuwa sawa kwa uzito, kwani aliyechokoza na aliyechokozwa walipimwa kwa kibaba kimoja, na aliyepoteza zaidi ni yule wa pili. Essendon walifika fainali pasipo mfungaji wao. Dick Reynolds, kocha aliyekuwa amekwisha kustaafu kucheza, alijiweka miongoni mwa wachezaji wa akiba na akalazimika kuingia uwanjani. Geelong walishinda kwa alama 11 tu, yaani chini ya mabao mawili, ilhali Coleman alikuwa na desturi ya kufunga matano kwa siku.

Alirejea kwa kishindo: mabao 103 mwaka 1952 na 97 mwaka 1953. Mwaka 1954 alianza kama moto wa nyikani. Katika raundi ya saba alifunga mabao 14 dhidi ya Fitzroy. Wiki iliyofuata, tarehe 5 Juni, walipokutana na North Melbourne, alianguka vibaya na goti lake likateguka. Alikuwa na miaka 25. Upasuaji ulifanywa, mazoezi yakajaribiwa, matumaini yakafufuliwa na kufifia, lakini goti halikurudi kuwa goti la kurukia. Hakucheza tena.

Enzi hizo mchezaji hakuishi kwa mpira pekee. Coleman alijitosa katika biashara ya hoteli na vilabu vya pombe, na aliifanya hadi mwisho wa maisha yake. Mwaka 1961 Essendon walimkabidhi timu baada ya Reynolds. Kama kocha alikuwa mkali kwa waamuzi, na si ajabu kwa mtu aliyeyapitia ya 1951. Aliwapa ubingwa mwaka 1962 dhidi ya Carlton, kisha mwaka 1965 dhidi ya St Kilda. Huu wa pili ndio unaostahili kutajwa zaidi, maana timu yake ilimaliza msimu wa kawaida katika nafasi ya nne, nafasi ya mwisho ya kufuzu, ikapanda ngazi mechi kwa mechi. Aliacha ukocha mwishoni mwa mwaka 1967.

Tarehe 5 Aprili 1973 maradhi ya moyo yalimkatiza ghafla huko Dromana, alikokuwa na hoteli. Alikuwa na umri wa miaka 44. Mwaka 1996, lilipoanzishwa Jumba la Fahari la Kandanda ya Australia, jina lake liliwekwa miongoni mwa magwiji 12 wa kwanza. Mabao yake ni 537, wastani wa 5.48 kwa kila mechi. Miongoni mwa wafungaji wakubwa wa ligi hiyo ni Peter Hudson wa Hawthorn pekee aliyempita.