Simon Kimbangu: miaka 30 ndani ya jela bila kosa

Ndugu wachimbaji wa Butembo na Beni, pamoja na familia zenu, leo tumukumbuke Simon Kimbangu. Alizaliwa Nkamba, Kongo-Central, mwaka 1887, akakuwa katekista wa Waprotestanti, mtu wa kuheshimiwa. Tarehe 6 Aprili 1921 akaanza kuombea wagonjwa. Watu wakajaa Nkamba, wengi wakaacha kazi ya wazungu. Hapo serikali ya Wabelgiji ikaogopa.

Hakushika silaha hata moja. Mwezi wa 9 akajitoa mwenyewe. Wakamupeleka Thysville mbele ya korti ya kijeshi, yeye raia, bila avoka. Tarehe 3 Oktoba wakamuhukumu fimbo 120 na kifo, eti anavuruga usalama. Mfalme Albert I akageuza kifo kuwa kifungo cha maisha. Akapelekwa mbali na kwao, Elisabethville, muji wa shaba. Alikufia kule ndani ya jela tarehe 12 Oktoba 1951.

Tangu 2023, tarehe 6 Aprili ni siku ya mapumziko inchi nzima. Heshima ilirudi, lakini mwenyewe hakuiona.

Sisi wa sendika hatuoni hii kuwa habari ya zamani. Tangu utawala wa kijeshi wa 2021, raia wa huku wamesimama pia mbele ya waamuzi askari. Na ndani ya migodi, mwenye kudai malipo yake anaitwa muasi haraka. Basi mwenzetu akikamatwa, tusikimbilie kumuita mwizi. Tuulize kosa lake ni gani, tutafute washahidi, tuchange pesa ya avoka mapema.