Maisha ya Bushiri bin Salim

Kila mwanafunzi wa pwani amepata kulisikia jina la Bushiri. Wengine wameambiwa kwamba alikuwa shujaa aliyepigana na Wajerumani, ambao wazee wetu waliwaita Wadachi. Wengine wameambiwa kwamba alikuwa Mwarabu tajiri aliyepigania mali yake tu. Maneno yote mawili yana ukweli ndani yake, na ndiyo sababu maisha ya mtu huyu yafaa kusomwa kwa makini. Tena sisi tulioko Mapinga tuna haki ya kuyajua kuliko wengi, maana tumekaa katika njia itokayo Dar es Salaam kwenda Bagamoyo, na mwisho wa mwaka 1888 miji hiyo miwili ndiyo iliyosalia mikononi mwa Wadachi katika pwani yao yote.

Bushiri alikuwa mtoto wa Salim, Mwarabu wa kabila la Harthi, na mama yake alikuwa na asili ya Kioromo. Waharthi walikuwako katika nchi hizi kabla ya masultani wa Kibusaidi kuhamia Unguja, nao hawakupenda kutawaliwa na watu waliowaona kuwa wageni wa jana. Mwaka 1859 walimsaidia Seyyid Barghash alipotaka kumwondoa ndugu yake Seyyid Majid katika kiti cha usultani. Waingereza wakaingia kati, wakamsaidia Majid kwa mabaharia na mizinga, na Barghash akapelekwa Bombay. Kwa hiyo Bushiri alitoka katika watu waliokwisha kuona jinsi manowari ya kigeni iwezavyo kuamua nani atawale na nani ahamishwe.

Yeye mwenyewe alikaa Pangani, mahali palipokuwa na mashamba makubwa ya miwa kando ya mto. Miwa hiyo ililimwa na kukatwa na watumwa, na Bushiri naye alikuwa na shamba na alikuwa na watumwa. Jambo hili halifai kufichwa na mtu atakaye kumsifu. Lakini pia alikuwa mtu asiyependa kupokea amri za Unguja, na watu wa Mrima walimjua kwa ukaidi huo muda mrefu kabla Wadachi hawajafika.

Sasa natuangalie jinsi Wadachi walivyofika. Mwaka 1884 Carl Peters na wenzake walizunguka Uzigua, Nguru, Usagara na Ukami, wakawatia sahihi machifu katika karatasi ambazo wenye nchi hawakuweza kuzisoma. Tarehe 27 Februari 1885 Kaisari wa Ujerumani akazipa karatasi hizo nguvu ya sheria. Barghash, ambaye sasa ndiye aliyekuwa Sultani, alilalamika. Ikaletwa manowari moja baada ya nyingine mbele ya jumba lake mwezi wa Agosti 1885, naye akanyamaza. Mwaka 1886 Waingereza na Wadachi wakagawana bara, na Sultani akaachiwa ukanda wa pwani wenye upana wa maili kumi tu.

Hata ukanda huo haukudumu. Barghash alikufa mwezi wa Machi 1888, akatawala Seyyid Khalifa. Tarehe 28 Aprili 1888 Khalifa alitia sahihi mkataba wa kuikodisha Kampani ya Wadachi pwani yote ya kutoka mto Umba hata Ruvuma kwa miaka 50. Kampani itatawala na kukusanya ushuru wa forodha kwa jina la Sultani. Wenye pwani wenyewe, yaani majumbe, matajiri, wavuvi, wakulima na wapagazi, hawakuulizwa neno. Nchi yao ilipangishwa kama nyumba, na mpangaji akaja na bunduki.

Mnamo tarehe 16 Agosti 1888 maofisa wa Kampani walishika kazi katika miji saba: Tanga, Pangani, Bagamoyo, Dar es Salaam, Kilwa, Lindi na Mikindani. Huko Bagamoyo walianza kwa ugomvi juu ya bendera ya Sultani iliyopepea nyumbani kwa liwali, na mabaharia wa Kidachi wakaukata mlingoti wake. Huko Pangani alikuwako kijana mmoja mkali, Emil von Zelewski. Alitaka kuipandisha bendera ya Kampani, na liwali Abdulgawi alipokataa, Zelewski aliita askari kutoka katika manowari. Zilikuwa siku za Idi. Wadachi wakamtafuta liwali hata msikitini, wakaingia na viatu vyao na mbwa wao. Zikaja pia amri za kuandikisha mashamba na nyumba, na watu wakaanza kuogopa kwamba asiyekuwa na karatasi atanyang'anywa alichorithi kwa babu yake.

Basi mapema mwezi wa Septemba Pangani iliinuka. Watu wa mji, watu wa mashamba, na wapagazi wa misafara waliokuwa wamejaa mjini, wote walishika silaha, wakawafungia Wadachi ndani ya nyumba yao. Sultani akamtuma jemadari wake, Mwingereza Lloyd Mathews, aje kutuliza mambo. Mathews aliwatoa Wadachi wakiwa salama, lakini alipojaribu kuwaamuru watu kwa jina la Sultani, hakusikilizwa, akarudi Unguja. Siku hiyo watu wa Pangani walitambua kwamba wamewakataa watawala wawili pamoja, yule aliyeuza na yule aliyenunua. Walihitaji kiongozi, na Bushiri, adui wa zamani wa Unguja, alikuwa tayari.

Moto ukaenea. Tarehe 22 Septemba Bagamoyo ilishambuliwa, na manowari iitwayo Leipzig ikashusha mabaharia. Zaidi ya watu 100 wa upande wetu wakafa. Huko Kilwa maofisa wawili wa Kampani waliuawa. Miji mingine ikaachwa. Bushiri naye aliwakamata wasafiri wawili, Hans Meyer na Oscar Baumann, waliokuwa wakirudi kutoka Usambara, akawaachilia kwa fidia ya rupia 10,000. Huyu Meyer ndiye aliyefika kileleni mwa Kilimanjaro mwaka uliofuata.

Ilipofika tarehe 2 Desemba 1888, manowari za Ujerumani na Uingereza zilianza kuifunga pwani. Ulaya watu waliambiwa kwamba kazi hii ni ya kuzuia biashara ya watumwa na kuingizwa kwa bunduki. Ni kweli kwamba biashara ya watumwa ilikuwako, na ilikuwa dhuluma kubwa. Lakini vita hivi vilianzishwa na mkataba, bendera na forodha, na yaliyofuata yanaonyesha jambo hilo wazi. Wadachi walitawala hapa karibu miaka 30 bila kuufuta utumwa kabisa. Ulifutwa kwa sheria mwaka 1922, wakati wa Waingereza.

Mwezi huo huo wa Desemba Bushiri aliishambulia Bagamoyo. Mji uliharibika sana, na wakimbizi wengi wakajaa katika misheni ya mapadre wa Kifaransa. Bushiri hakuigusa misheni hiyo, akaendelea kusemezana na mapadre wake kwa adabu. Yaliyotokea Pugu yalikuwa mengine. Tarehe 13 Januari 1889 misheni ya Wabenediktini wa Kidachi ilishambuliwa, wamisionari watatu wakauawa, na wengine wakachukuliwa mateka hata walipokombolewa kwa fedha. Watu hawa hawakuwa askari. Anayesimulia vita hivi kwa haki lazima awataje, kama awatajavyo waliouawa na mizinga Bagamoyo.

Kampani ilikuwa imeshindwa kabisa. Hapo Serikali ya Ujerumani ikaichukua kazi mikononi mwake. Bunge la Berlin lilikubali kutoa mark milioni mbili, na kapteni Hermann Wissmann akateuliwa kuongoza vita. Wissmann hakuleta Wadachi wengi. Alikodi Wasudani karibu 600 huko Misri, na wengine kutoka Msumbiji walioitwa Wazulu, akawapa maofisa wa Kidachi na bunduki mpya. Hivyo ndivyo Mwafrika alivyotiwa kupigana na Mwafrika kwa mshahara wa mtu wa tatu.

Bushiri alikuwa amejenga boma lake karibu na Bagamoyo, mahali palipoitwa Nzole, akalizungushia magogo na handaki. Kwa muda palikuwa na mapatano ya kusimamisha vita baina yake na amirali wa Kidachi, na muda huo ulimfaa Wissmann zaidi, maana aliutumia kukusanya jeshi. Tarehe 8 Mei 1889 mizinga ilianza kulipiga boma, kisha Wasudani na mabaharia wakaliparamia. Watu zaidi ya 100 wa Bushiri walikufa. Yeye mwenyewe aliponyoka. Saadani ikachukuliwa mwezi wa Juni, Pangani na Tanga mwezi wa Julai.

Sasa maisha yake yakawa ya kukimbia na kurudi. Alikwenda bara, akaishambulia stesheni ya Wadachi ya Mpwapwa, akaichoma na kumwua Mzungu mmoja. Kisha, kwa kuwa watu wake wa pwani walikuwa wamepungua, akafanya jambo lililomharibia. Alikwenda kuwaita Wambunga, waliojulikana kwa jina la Maviti, wapiganaji wa kusini waliozoea vita vya kuteka nyara. Wakaja kwa maelfu. Lakini Maviti hawakuwa na ugomvi na Wadachi. Walikuja kutafuta chakula, ng'ombe na watu. Walipopita Uzaramo waliteketeza vijiji na kupora. Wazaramo, ambao wengi wao walikuwa wamepigana upande wa Bushiri, wakajiona wamevunjiwa nyumba na rafiki yao. Mwezi wa Oktoba 1889 ofisa wa Kidachi von Gravenreuth aliwakuta Maviti huko Yombo, akawashinda, nao wakatawanyika kurudi kwao.

Tangu siku hiyo Bushiri hakuwa na mahali pa kulala kwa amani. Wadachi walikuwa wametangaza zawadi ya rupia 10,000 kwa atakayemleta. Ilikuwa ni fedha kama ile aliyoipokea mwaka mmoja nyuma kwa ajili ya Meyer na mwenziwe. Alikwenda kaskazini, akiwa na watu wachache, mwenye njaa na uchovu, akafika kwa jumbe mmoja aitwaye Magaya huko Kwamkoro. Jumbe huyo akamkamata, akawapelekea habari Wadachi. Bushiri akachukuliwa katika minyororo mpaka Pangani, mji wake mwenyewe, na tarehe 15 Desemba 1889 akanyongwa hapo.

Hapa yafaa tumtaje mwenziwe, Bwana Heri wa Saadani. Yeye alikuwa mtawala wa Wazigua wa pale, na watu wake walikaa naye katika kushinda na katika kushindwa. Mabomba na mizinga ilimfukuza boma hadi boma, lakini hakuna aliyemwuza. Aliacha vita mwezi wa Aprili 1890, watu wake wakiwa na njaa kali, na Wissmann hakumwua, bali alimwacha arudi Saadani. Watu wawili walipigana na adui mmoja katika mwaka mmoja; mmoja alisalitiwa, mwingine akalindwa. Tofauti yao haikuwa ushujaa, maana wote walikuwa mashujaa. Bwana Heri hakuwaleta wageni wawapore watu wake.

Baada ya vita Wadachi walimlipa Sultani mark milioni nne, pwani ikawa yao moja kwa moja, na tangu tarehe 1 Januari 1891 Serikali ya Kaisari ikatawala badala ya Kampani. Zelewski hakuishi kuufurahia utawala huo. Aliuawa na Wahehe huko Lugalo mwezi wa Agosti mwaka huo huo. Habari za vita vya pwani zilihifadhiwa na wenyeji pia, maana Hemedi bin Abdallah el-Buhriy, mwanachuoni wa upande wa Tanga, alizitungia utenzi mrefu.

Je, Bushiri tumweke wapi? Aliwamiliki watu, wala hakupigania uhuru wa watumwa wake. Aliwaleta Maviti juu ya Wazaramo. Hata hivyo, sultani alipoiuza nchi chumbani, na mataifa mawili makubwa yalipoifunga bahari, yeye alisimama akasema kwa vitendo kwamba watu wa pwani si bidhaa ya kuandikiana mkataba. Kwa hilo maelfu walimfuata, wengi wao maskini kuliko yeye.

Nguvu yake yote ilikuwa katika hao maelfu. Walipokuwa upande wake, Kampani yenye mkataba, bendera na manowari ilishindwa kukaa Pangani hata mwezi mmoja. Alipowapoteza, jumbe mmoja alitosha kummaliza. Sultani alisahau kuwauliza watu, Kampani ikasahau, na mwisho Bushiri naye akasahau. Sisi tunaojifunza leo, na ambao baadhi yetu tutakabidhiwa kesho madaraka ya kijiji, ya ofisi au ya nchi, tusiwe wa nne.