Émile Zola (1840–1902): Mwandishi na Ukweli

Mwanafunzi, ukiulizwa nafasi ya mwandishi katika jamii, maisha ya Émile Zola yatakupa mfano ulio wazi.

Zola alizaliwa Paris, Ufaransa, tarehe 2 Aprili 1840, akakulia Aix-en-Provence, kusini mwa nchi hiyo. Baba yake, mhandisi mwenye asili ya Italia, alifariki mwaka 1847 na familia ikabaki katika ufukara. Mwaka 1859 Zola alifanya mtihani wa kumaliza sekondari mara mbili, na zote mbili akafeli. Baadaye aliajiriwa na kampuni ya vitabu ya Hachette, kisha akaishi kwa kalamu yake.

Kati ya 1871 na 1893 alitoa riwaya 20 zinazofuata ukoo mmoja, Rougon-Macquart. Katika insha zake, hasa Le Roman expérimental (1880), alitetea unaturalisti, yaani mtazamo kwamba mhusika huumbwa na urithi wa damu pamoja na mazingira yake, na kwamba mwandishi ayachunguze hayo kama mwanasayansi. Kwa hiyo, kabla ya kuandika Germinal (1885), riwaya ya mgomo wa wachimba makaa ya mawe, alikwenda Anzin akashuka mgodini mwenyewe.

Mwaka 1894 Alfred Dreyfus, ofisa wa jeshi Myahudi, alihukumiwa kwa uhaini ambao hakuutenda. Zola, wakati huo tajiri na mashuhuri, angeweza kunyamaza. Badala yake, tarehe 13 Januari 1898, alichapisha katika gazeti la L'Aurore barua ya wazi kwa Rais, akiwataja kwa majina wakuu wa jeshi waliohusika. Alishtakiwa, akahukumiwa kifungo cha mwaka 1 na faini ya faranga 3,000. Alikimbilia Uingereza, akarejea mwaka 1899.

Alifariki tarehe 29 Septemba 1902 kwa hewa ya sumu kutoka moto wa chumbani, bomba la moshi likiwa limeziba. Hakuwahi kuiona siku ya mwaka 1906 Dreyfus aliposafishwa jina. Mwaka 1908 mabaki yake yalihamishiwa Panthéon, wanakozikwa mashujaa wa Ufaransa.

Zingatia: usiishie kuorodhesha vitabu vyake. Onyesha kwamba aliyeshuka mgodini kutafuta ukweli ndiye aliyeutetea mbele ya mahakama.

Jipime: Je, mwandishi anayechunguza jamii anaweza kukwepa kuitetea? Jadili.