Maisha ya Bibi Martha Graham

Bibi Martha Graham alizaliwa tarehe 11 Mei, 1894, katika jimbo la Pennsylvania, nchi ya Marekani. Baba yake alikuwa daktari wa maradhi ya akili. Mwaka 1908 jamaa yao ilihamia California, na mwaka 1911 Martha alimwona Bibi Ruth St. Denis akicheza jukwaani. Tangu siku hiyo alitia nia ya kuwa mchezaji. Alianza kufundishwa mwaka 1916, hali amekwisha timiza miaka 22, umri ambao wengi huuona umechelewa.

Mwaka 1926 aliunda kikundi chake mwenyewe mjini New York. Uchezaji wake haukuwa wa madaha kama ule wa Ulaya. Aliufundisha mwili kujikaza tumboni pumzi itokapo, kisha kulegea, ili uchungu wa moyo uonekane bila neno kusemwa.

Ndipo alipozigeukia hadithi za Wayunani wa kale. Mwaka 1946 alicheza habari za Medea, na mwaka 1947 habari za Oedipus, mfalme aliyemwua baba yake na kumwoa mama yake pasipo kujua. Katika hadithi ya kale twamfuata mfalme; lakini Graham aliisimulia kwa macho ya yule mama, Jocasta, saa anapotambua ukweli, na kamba ya kujinyongea i mikononi mwake.

Ngoma ina msiba wake: kitabu hubaki, lakini mchezaji akizeeka mchezo huzeeka naye. Kwa muda mrefu Graham hakupenda michezo yake ipigwe picha za sinema. Hata hivyo, mwaka 1961 ile habari ya Jocasta ilitolewa katika sinema ya karibu nusu saa, naye akaicheza mwenyewe, ijapokuwa alikuwa amepita miaka 60.

Alipoacha kucheza, karibu na mwaka 1970, alishikwa na huzuni nyingi hata akaugua. Lakini aliinuka, akaendelea kutunga michezo mpaka alipofariki tarehe 1 Aprili, 1991, mwenye umri wa miaka 96.

Yeye hayupo tena, lakini katika sinema ile Jocasta angali anacheza. Basi wenzangu, ngoma za wazee wetu nazo zimo miilini mwao. Tujifunze kwao na kuzihifadhi wangali hai.