Jenerali Abacha: Haki ya jirani aliirudisha, ya nyumbani aliifungia jela

MWISHONI mwa Julai 2023, wanajeshi wa Niger walipompindua Rais Mohamed Bazoum, nilikuwa nafundisha mada ya uadilifu katika somo la Maarifa ya Uislamu, Kidato cha Tatu. Wakuu wa nchi za ECOWAS, yaani Jumuiya ya Kiuchumi ya Nchi za Afrika Magharibi, walikuwa wamewapa wanajeshi wale wiki moja wamrudishe Bazoum madarakani, ama sivyo huenda nguvu ikatumika. Wiki ikapita na jeshi halikwenda. Lakini kabla haijapita, kijana mmoja alinyoosha mkono akauliza kama iliwahi kutokea Afrika jeshi la nchi moja likaenda nchi nyingine kumrudisha rais aliyechaguliwa kwa kura.

Nikamjibu kuwa ndiyo, Sierra Leone, mwaka 1998, na aliyelituma ni Jenerali Sani Abacha wa Nigeria. Kijana akauliza tena: na huyo Abacha yeye alichaguliwa lini? Darasa zima likacheka. Mimi sikucheka, maana swali lile lilinigusa mahali ambapo wenzangu wa darasani hawapajui. Leo naomba nilijibu hapa kwa kirefu, kwani naamini halikuwa swali la watoto peke yao.

Niseme kwanza kilichonigusa. Nilipokuwa chuo kikuu, tulikuwa na kawaida ya kukaa barazani baada ya sala ya Isha tukijadili mambo ya umma. Jina la Abacha likitajwa, mimi nilikuwa miongoni mwa waliomtetea. Hoja yangu ilikuwa moja tu: ni Muislamu, na wanaomsema vibaya ni vyombo vya habari vya Magharibi. Sikuwa nimesoma lolote juu ya maisha yake. Nilikuwa nimesikia jina, nikajua yuko upande gani, nikatosheka.

Sasa tumtazame mtu mwenyewe. Sani Abacha alizaliwa Septemba 20, 1943 katika mji wa Kano, Kaskazini mwa Nigeria, katika familia ya Kikanuri yenye asili ya Borno. Alisoma Kano, akaingia chuo cha kijeshi Kaduna, kisha akapelekwa Uingereza, na mwaka 1963 akawa Luteni Usu. Alipigana katika vita vya Biafra vya 1967 hadi 1970. Hakuwa mtu wa maneno mengi wala wa kupenda kuonekana. Lakini kila serikali ilipoangushwa Nigeria katika miaka ya 1980, yeye alikuwa karibu.

Desemba 31, 1983 yeye ndiye aliyetangaza redioni kuwa jeshi limeiondoa serikali ya Alhaji Shehu Shagari. Shagari alikuwa Muislamu, tena wa Kaskazini, na alikuwa amechaguliwa kwa kura. Mwaka 1985 Jenerali Muhammadu Buhari naye akaondolewa, akaingia Jenerali Ibrahim Babangida, na Abacha akapanda kuwa Mkuu wa Jeshi la Nchi Kavu. Mwaka 1990 akawa Waziri wa Ulinzi.

Ndipo ikaja Juni 12, 1993. Wanigeria walipiga kura kumchagua rais, na hata leo wengi wao wanaihesabu ile kuwa kura safi kuliko zote walizowahi kupiga. Aliyekuwa akiongoza ni Alhaji Moshood Abiola, tajiri wa Kiyoruba, Muislamu aliyetumia mali yake kujenga misikiti na shule na kuwasaidia wenye shida. Mpinzani wake, Alhaji Bashir Tofa, alikuwa mtu wa Kano, lakini hata Kano yenyewe ilimpa Abiola kura nyingi zaidi. Ukabila na ukanda, vitu viwili vilivyoitesa Nigeria tangu uhuru, siku ile vilishindwa.

Siku kumi na moja baadaye, Babangida akafuta matokeo. Mwezi Agosti akaondoka na kumwachia serikali ya muda raia mmoja, Ernest Shonekan, huku Waziri wa Ulinzi akibaki yule yule Abacha. Novemba 17, 1993 Shonekan akaondolewa na Abacha akashika nchi. Baadhi ya watu wa Abiola walishangilia, wakidhani jenerali huyu amekuja kumkabidhi mshindi haki yake. Haikuwa hivyo. Juni 1994 Abiola alipojitangaza kuwa ndiye rais halali, alikamatwa na kushitakiwa kwa uhaini. Akaelezwa kuwa angeweza kutoka iwapo angeacha madai yake. Akakataa, akabaki ndani.

Hapa ndipo hoja yangu ya barazani inapovunjika. Waliokuwa wakituambia kuwa Abacha ni ndugu yetu, hawakutuambia waliokuwa wakiumia mikononi mwake ni nani. Abiola alikuwa Muislamu. Mkewe Kudirat, aliyesimama kumpigania mumewe, aliuawa kwa risasi mjini Lagos Juni 4, 1996. Sultani wa Sokoto, Ibrahim Dasuki, kiongozi wa juu wa Waislamu wa Nigeria, alivuliwa usultani kwa amri ya serikali mwaka huo huo wa 1996. Jenerali Shehu Musa Yar'Adua, mtoto wa Katsina, alifia kifungoni Desemba 1997. Wasiokuwa Waislamu nao hawakusalimika. Mwandishi Ken Saro-Wiwa na wenzake wanane wa kabila la Ogoni walinyongwa Novemba 10, 1995, na Jumuiya ya Madola ikaisimamisha Nigeria uanachama. Jenerali Olusegun Obasanjo alifungwa. Dhulma ile haikuuliza mtu anasali wapi.

Huyu ndiye mtu ambaye mwaka 1996 alishika uenyekiti wa ECOWAS. Sasa twende Sierra Leone.

Nchi ile ndogo ilikuwa vitani tangu Machi 1991, pale waasi wa RUF wa Foday Sankoh walipoingia wakitokea Liberia. Katikati ya vita hivyo, mwaka 1996, wananchi walipiga kura wakamchagua Ahmad Tejan Kabbah, Muislamu, mwanasheria aliyefanya kazi miaka mingi katika Shirika la Maendeleo la Umoja wa Mataifa. Sisi wa Tanzania hatuko mbali naye, kwani aliwahi kuiongoza ofisi ya shirika hilo hapa kwetu.

Kabbah alikaa miezi kumi na minne tu. Mei 25, 1997 askari wa vyeo vya chini waliasi, wakavunja gereza la Pademba Road, wakamtoa Meja Johnny Paul Koroma na kumfanya mkuu wa nchi. Kisha wakafanya jambo ambalo raia wa Freetown hawakulitarajia: wakawaita waasi wa RUF waje watawale pamoja nao. Kabbah akakimbilia Conakry, Guinea. Mji ukaporwa, watu wakauawa, maelfu wakakimbia.

Wakuu wa Afrika, waliokutana Harare mwezi Juni, walilaani mapinduzi hayo. Lakini aliyekuwa na askari na silaha karibu ni Nigeria. Mwanzoni mwa Juni meli za kivita za Nigeria zilipiga mabomu Freetown ili kuwatisha waasi. Hazikufaulu, na raia waliumia. Oktoba 1997 Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa likaweka vikwazo vya silaha na mafuta. Mwezi huo huo, mjini Conakry, wanajeshi waasi walikubali kumrudishia Kabbah madaraka ifikapo Aprili 1998. Ikaonekana wazi kuwa hawana nia ya kutimiza.

Februari 1998 kikosi cha ECOMOG, ambacho sehemu kubwa ya askari wake walikuwa Wanigeria, kikaingia Freetown kwa vita na katika muda mfupi kikawaondoa watawala wale. Machi 10, 1998 Rais Kabbah alirejea nchini mwake. Watu walijaa barabarani kwa furaha. Na miongoni mwa wakuu wa nchi waliokuja kumsindikiza alikuwepo Jenerali Sani Abacha, akipokewa kama mkombozi.

Ndugu msomaji, tusimame hapa kidogo. Siku ile Abacha anashangiliwa Freetown kwa kumrudisha kitini mtu aliyechaguliwa, Abiola aliyechaguliwa na watu wake mwenyewe alikuwa ametimiza karibu miaka minne kifungoni. Kumrudisha Kabbah kulihitaji meli, ndege, fedha nyingi na damu ya vijana wa Nigeria. Kumtoa Abiola kulihitaji kalamu na karatasi moja. Lililohitaji roho za watu akaliweza, lililohitaji sahihi yake likamshinda.

Tena haikuishia hapo. Mwezi uliofuata, Aprili 1998, vyama vyote vitano vilivyoruhusiwa kisheria Nigeria vilimteua mtu mmoja kuwa mgombea urais wao. Mtu huyo ni yeye.

Wapo wanaosema kuwa Abacha aliipigania Sierra Leone ili kujisafisha mbele ya dunia iliyokuwa imemtenga. Inawezekana kabisa. Lakini mimi sitaki kujenga hoja juu ya nia, kwani nia ziko kwa Mwenyezi Mungu. Nitazame matendo. Tendo la Freetown lilikuwa la haki. Wananchi walikuwa wamechagua, wenye bunduki wakawapora, na jirani akaja kuwasaidia kuurudisha uchaguzi wao. Anayesema lilikuwa baya kwa sababu tu limefanywa na Abacha, anafanya kosa lile lile nililolifanya mimi barazani, ila amegeuza upande. Mimi nilihalalisha mabaya kwa ajili ya jina la mtu, yeye anaharamisha mema kwa ajili ya jina hilo hilo.

Hata hivyo, wema wa jirani haulipi deni la nyumbani. Fundisho hili katika dini yetu si la pembeni. Qur'an katika Suratun-Nisaa inatutaka tusimamie uadilifu hata kama ushahidi unatuangukia sisi wenyewe, wazazi wetu na jamaa zetu. Utaratibu wenyewe unaanza na nafsi. Anayeiruka nafsi yake akaenda kusimamisha haki ng'ambo, ameanzia mwisho.

Wako pia wanaomtetea kwa kutaja barabara na hospitali zilizohudumiwa na mfuko wa mafuta ulioanzishwa wakati wake, na majimbo sita yaliyoongezwa mwaka 1996. Ni kweli, na haki inataka tuyataje. Lakini haki hiyo hiyo inataka tutaje na fedha za umma zilizofichwa nje. Mwaka 2017 Uswisi ilikubali kurudisha dola milioni 321, na mwaka 2020 zaidi ya dola milioni 300 nyingine zilirudi kutoka kisiwa cha Jersey, na hizo ni sehemu tu. Fedha zile zilikuwa za masikini wa Kano kama zilivyokuwa za masikini wa Lagos.

Abacha alifariki ghafla Abuja Juni 8, 1998, miezi mitatu baada ya sherehe za Freetown, akazikwa Kano siku hiyo hiyo. Alikuwa na umri wa miaka 54. Mwezi mmoja baadaye, Julai 7, Abiola naye akafariki akiwa bado kizuizini. Mfungaji na mfungwa waliifuata njia moja ndani ya siku thelathini, na kesi yao ikahamia kwenye mahakama isiyo na rufaa.

Na Freetown? Januari 6, 1999 waasi walirudi, wakauvamia mji, wakaua maelfu na kukata watu mikono. ECOMOG iliwatoa tena kwa gharama kubwa. Baadaye vikaja vikosi vya Umoja wa Mataifa na vya Uingereza, na vita vikatangazwa kumalizika Januari 2002. Kabbah alichaguliwa tena mwaka huo, akamaliza muda wake mwaka 2007 na kukabidhi madaraka kwa mpinzani aliyeshinda uchaguzi. Kile kitu ambacho Abacha hakuwahi kukifanya kwake, hatimaye kilifanyika kwa yule aliyemrudisha.

Nigeria nayo ilichukua muda mrefu kukiri. Mwaka 2018 serikali ilimpa Abiola, akiwa kaburini, nishani ya juu kabisa ya nchi na kuifanya Juni 12 kuwa siku ya demokrasia. Mwaka 2025 Babangida mwenyewe, katika kitabu cha maisha yake, alikubali kuwa Abiola ndiye aliyeshinda. Miaka 32 imepita ndipo mwenye kufuta kura akasema kweli. Na yule aliyeongoza ECOWAS ilipoitishia Niger mwaka 2023, Rais Bola Tinubu, ni miongoni mwa waliokimbia nchi wakati wa Abacha kwa kuipigania kura ya Abiola.

Wiki iliyofuata nilirudi darasani nikampa kijana yule jibu lake. Nikamwambia Abacha hakuchaguliwa siku yoyote. Alimrudisha aliyechaguliwa wa wengine na kumfunga aliyechaguliwa wa kwao, na yote mawili yameandikwa. Kisha nikawaambia na habari yangu ya barazani, kwamba mwalimu wao aliwahi kumtetea mtu bila kumjua, kwa sababu ya jina tu. Safari hii hakuna aliyecheka.

Tunapokasirikia dhulma za mbali, na tuna haki ya kuzikasirikia, kila mmoja wetu ajiulize kuna nani kamfungia nyumbani kwake: mke aliyenyimwa haki, mfanyakazi asiyelipwa, yatima aliyedhulumiwa mirathi, msikiti ambao viongozi wake hawataki kuitisha uchaguzi. Ufunguo wa huyo hauko Abuja wala Freetown. Uko mfukoni mwetu.

Wabillahi tawfiq.