Manute Bol: mchunga ng'ombe aliyefika NBA na kuwafundisha watoto wakimbizi

Wasikilizaji wetu wengi, wa mlimani na wa tambarare, wanaufuatilia mpira wa miguu kuliko mpira wa kikapu. Hata hivyo jina la Hasheem Thabeet wengi wanalijua. Huyu ni kijana wa Dar es Salaam ambaye mwaka 2009 alichaguliwa wa pili kati ya wachezaji wapya waliosajiliwa na NBA, ligi kubwa ya kikapu ya Marekani. Zaidi ya miaka ishirini kabla yake, mtu mwingine kutoka upande huu wa Afrika alikuwa ameshaingia katika ligi hiyo. Jina lake ni Manute Bol. Alifariki mwaka 2010, lakini kazi yake bado inaonekana viwanjani. Leo tunaeleza maisha yake, na hasa namna alivyotoka kucheza akaingia katika kuwafundisha wengine.

Bol alizaliwa Turalei, kaskazini mwa nchi ambayo leo inaitwa Sudan Kusini. Wakati huo Sudan ilikuwa nchi moja. Hati zake zinaonyesha alizaliwa tarehe 16 Oktoba 1962, lakini kwao tarehe za kuzaliwa hazikuwa zikiandikwa. Kocha mmoja wa Marekani alikuja kusema baadaye kwamba ndiye aliyempangia tarehe hiyo. Wazee wetu wanaohesabu umri wao kwa mwaka wa njaa au wa nzige wanalielewa jambo hili vizuri.

Alikuwa Mdinka, na kwa Wadinka ng'ombe ndiyo mali, ndiyo mahari, ndiyo heshima. Bol alikua akichunga. Mwenyewe alisimulia kwamba akiwa machungani aliwahi kumuua simba kwa mkuki. Wafugaji wa kandokando ya hifadhi ya Mkomazi hawahitaji kuelezwa maana ya simba kulinyemelea zizi.

Ukoo wake ulikuwa wa watu warefu. Baba na mama, kwa maelezo yake, wote walizidi mita mbili, na yeye akawapita. Alifikia futi saba na inchi saba, yaani sentimita 231. Mlango wa kawaida wa nyumba zetu una mita mbili hivi, kwa hiyo Bol angelazimika kuinama sana ili apite. Ringi ya kikapu iko juu mita 3.05, na yeye aliweza kuigusa bila kuruka.

Alianza na mpira wa miguu, ila urefu ulimkwamisha. Mwishoni mwa miaka ya 1970 ndugu zake walimshauri ajaribu kikapu. Akaanzia mji wa Wau, kisha akaenda Khartoum. Inasimuliwa kwamba mara ya kwanza alipojaribu kuusukumiza mpira ndani ya ringi kwa mkono, aligonga meno kwenye ringi hiyo na kuyavunja baadhi. Khartoum alikutana pia na dharau, kwa kuwa watu wa kusini walibaguliwa huko.

Mwaka 1982 kocha wa Marekani aitwaye Don Feeley alikwenda Sudan kuifundisha timu ya taifa. Alipomwona Bol, alimshawishi aende Marekani. Mwaka 1983 timu ya San Diego Clippers ikamchagua, lakini uongozi wa ligi ukakataa kwamba hakustahili kuchaguliwa mwaka huo. Pasi yake ya kusafiria nayo ilizua vichekesho. Iliandikwa kwamba ana urefu wa futi tano na inchi mbili tu, na maelezo yaliyotolewa ni kwamba maofisa walimpima akiwa ameketi.

Hakukata tamaa. Alikaa Cleveland akisoma Kiingereza, kwa sababu alifika akiwa hakijui. Msimu wa 1984 hadi 1985 akachezea Chuo Kikuu cha Bridgeport, katika jimbo la Connecticut. Mwaka 1985 timu ya Washington Bullets ikamchagua, na safari hii hakukuwa na kizuizi.

Hapa inafaa tueleze kazi aliyoifanya uwanjani. Katika kikapu, mchezaji wa timu pinzani akirusha mpira kuelekea ringi, beki anaweza kuupiga ukiwa bado unapanda. Huko ndiko kuzuia mtupo, na ndiyo iliyokuwa kazi ya Bol. Katika msimu wake wa kwanza alizuia mitupo 397, wastani wa mitano kwa kila mchezo. Hakuna mchezaji mgeni katika NBA aliyewahi kufikia idadi hiyo. Aliongoza ligi kwa kuzuia mwaka 1986, akaongoza tena mwaka 1989 akiwa Golden State Warriors. Baadaye alichezea pia Philadelphia 76ers na Miami Heat.

Kufunga hakukuwa kipaji chake. Alikuwa mwembamba, kilo 90 hivi, na watu wenye miili mizito walimsukuma kwa urahisi. Katika michezo 624 ya NBA alifunga pointi 1,599 na kuzuia mitupo 2,086. Katika historia ya ligi hiyo, hakuna mwingine mwenye safari ndefu kama yake aliyezuia mara nyingi kuliko pointi alizofunga. Ila alikuwa na siku zake. Mwaka 1993, dhidi ya Phoenix Suns, alisimama mbali na ringi akafunga vikapu sita vya pointi tatu katika mchezo mmoja, na mashabiki wakashangilia hadi wakakauka sauti.

Watu wengi walikwenda uwanjani kumtazama kama kioja. Washington walimpanga pamoja na Muggsy Bogues, mwenye sentimita 160 tu, na picha za wawili hao zikaenea dunia nzima. Bol alijua kwamba anatazamwa hivyo. Alichoangalia yeye ni mshahara, kwa sababu alikuwa na jambo la kuufanyia.

Mwaka 1983, yaani mwaka uleule wa mkasa wa Clippers, vita vya wenyewe kwa wenyewe vilikuwa vimeanza upya kati ya kaskazini na kusini mwa Sudan. Vilidumu hadi mwaka 2005, na takriban watu milioni mbili walikufa kwa risasi, njaa na magonjwa. Baadhi yao walikuwa jamaa za Bol. Mara nyingi alitembelea kambi za wakimbizi, na fedha zake zikaenda huko. Inakadiriwa alitoa dola milioni 3.5. Sehemu ilikwenda kwa wakimbizi, sehemu ikaenda kwa harakati za wapiganaji wa kusini. Wapo waliomsifu kwa kuwatetea watu wake, na wapo walioona fedha za mpira hazikupaswa kugusa vita. Msikilizaji anaweza kupima mwenyewe. Ambalo halina ubishi ni kwamba hakubakiwa na akiba.

Ndani ya miaka hiyo ndipo ualimu wake ulipoanza. Jijini Cairo, Misri, kulikuwa na familia nyingi za Wasudani waliokimbia vita. Bol alianzisha huko shule ya mpira wa kikapu kwa ajili ya vijana hao. Hakuwa kocha wa timu kubwa mwenye mkataba na mshahara. Alikuwa mtu mzima aliyewafundisha watoto wa wakimbizi kudunda mpira, kupasiana na kusimama vizuri uwanjani. Alimfundisha kijana aitwaye Ajou Deng, na mdogo wake, Luol Deng, akawa chini ya malezi yake ya kimichezo. Familia hiyo ilihamia London baadaye.

Safari ya Bol katika NBA iliisha mwaka 1995. Alijaribu ligi ndogo ya Marekani na pia Italia, ila maumivu ya viungo yakamshinda. Akahamia Khartoum kipindi ambacho kulikuwa na mazungumzo ya amani. Kwa maelezo yake, aliahidiwa cheo cha waziri wa michezo kwa sharti la kubadili dini kuwa Mwislamu. Yeye alikuwa Mkristo, akakataa. Baada ya hapo serikali ilimshuku na kumzuia kuondoka. Mwaka 2001 alifanikiwa kutoka kupitia Misri, na mwaka 2002 Marekani ikampokea kama mkimbizi. Mtu aliyelipwa mamilioni alirudi katika nchi hiyo akiwa hana kitu.

Kwa miaka michache iliyofuata alikubali mambo ambayo wachezaji wenzake wangeyaona aibu. Alipigana ngumi kwenye runinga na mchezaji wa zamani wa futiboli ya Kimarekani, William Perry. Alivaa sare za timu ya magongo ya barafuni na za waendesha farasi wa mashindano. Watu walicheka, naye akapeleka malipo kwa watoto wa Sudan. Mwaka 2004 alipata ajali ya teksi akavunjika shingo, na tangu hapo afya yake haikurudi kama zamani.

Kazi yake ya mwisho ilikuwa kujenga shule Turalei, akishirikiana na shirika la Sudan Sunrise. Alitaka ipokee watoto wa dini zote, na Waislamu kutoka Darfur walishiriki katika juhudi hizo pamoja na Wakristo wa kusini. Alikuwa huko mwaka 2010, alipougua. Alirudishwa Marekani na kufariki tarehe 19 Juni 2010 huko Charlottesville, Virginia, kwa ugonjwa wa figo pamoja na ugonjwa mkali wa ngozi unaoitwa Stevens-Johnson, ambao mara nyingi huletwa na dawa. Kwa tarehe ile ya hati alikuwa na miaka 47. Alizikwa Turalei.

Mwaka mmoja baadaye, tarehe 9 Julai 2011, Sudan Kusini ikawa nchi huru. Bol hakuiona siku hiyo.

Lakini mwanafunzi wake aliiona. Luol Deng alicheza NBA miaka kumi na mitano, kisha akawa rais wa shirikisho la mpira wa kikapu la Sudan Kusini, na kuna kipindi aliifundisha timu ya taifa yeye mwenyewe. Timu hiyo ilifika Kombe la Dunia la mwaka 2023, ikafuzu kwenda Olimpiki ya Paris mwaka 2024, na huko ikaifunga Puerto Rico pointi 90 kwa 79. Mtoto wa Bol, Bol Bol, naye ameingia NBA.

Ukitazama fedha peke yake, utasema Manute Bol alipoteza. Alipata nyingi, akazitoa, akafa hana mali. Ukitazama mafunzo, hesabu inabadilika. Saa alizotumia na watoto wa Cairo hazikumgharimu mamilioni, na ndizo zilizozaa timu ya taifa ambayo nchi yenye majeraha ya vita inaishangilia kwa pamoja.

Jambo hili halihitaji mtu wa futi saba. Katika vijiji vyetu, kuanzia Makanya na Hedaru hadi Ndungu na kule juu mlimani, wapo wanaume na wanawake waliowahi kucheza vizuri, iwe kikapu, netiboli au mpira wa miguu. Wengi wameacha kwa sababu magoti yamechoka. Magoti yakichoka, bado macho yanaona mtoto anapokosea, na mdomo unaweza kumwelekeza. Kama mmoja wao yuko jirani nawe, mwombe jioni moja kwa wiki awasimamie watoto uwanjani.